Mnaosimulia filamu, uacheni muziki wa "Collateral" usikike

Juma lililopita niliitazama upya "Collateral", filamu iliyoongozwa na Michael Mann mwaka 2004, safari hii katika nakala iliyosimuliwa kwa Kiswahili, na kwa kweli iliniuma. Msimulizi alikuwa hodari wa maneno, lakini hakunyamaza hata pale wahusika wenyewe waliponyamaza, na sauti yake ikaufunika muziki wote tangu teksi ya dereva Max inapoingia barabarani hadi treni ya alfajiri. Rafiki niliyemlalamikia alinijibu kwamba hakuna kilichopotea, kwa kuwa muziki wenyewe hauna mpango: jazi, roki, muziki wa disko, hata Bach, yule mtunzi wa kale wa Kijerumani, aliyechanganywa na ngoma za Kikyuba.

Nalikataa hilo kabisa. Mchanganyiko huo ndio Los Angeles yenyewe, jiji ambamo filamu inatokea. Max, anayeigizwa na Jamie Foxx, analazimishwa kumwendesha usiku kucha Vincent, muuaji wa kukodiwa mwenye orodha ya watu watano, na kila wanaposimama wanakuta watu wengine na muziki mwingine. Katika baa ya Wamarekani wenye asili ya Meksiko wanasikika Calexico, kundi la Tucson, Arizona, linalopiga muziki wa mpakani mwa Marekani na Meksiko. Katika ukumbi wa Koreatown, mtaa wa Wakorea, "Ready Steady Go" ya DJ Paul Oakenfold, iliyotiwa sauti za Kikorea, inaendelea kudunda huku watu wakiuana katikati ya wanaocheza. Mann angeshikilia mtindo mmoja tangu mwanzo hadi mwisho, angetuonyesha jiji la watu wa aina moja, na Los Angeles si jiji la namna hiyo.

Lakini lililoniuma zaidi ni tukio la klabu ya jazi. Bendi inapiga "Spanish Key" ya Miles Davis, gwiji wa tarumbeta ya jazi, kutoka albamu yake ya mwaka 1970, na Vincent anasikiliza kama mtu aliyefika nyumbani. Ukumbi ukishabaki mtupu, anakaa mezani na Daniel, mpiga tarumbeta mwenye klabu, ambaye anasimulia kwa furaha usiku wa mwaka 1964 alipopiga pamoja na Miles. Kisha Vincent anampiga risasi, akakidaka kichwa chake na kukilaza mezani taratibu. Ni ile tarumbeta tuliyoisikia kwanza inayotufanya tumlilie Daniel, kwa sababu tunajua kilichouawa pamoja naye, na pia tunajua kwamba muuaji anakijua. Msimulizi wetu aliutumia muda wote wa tarumbeta hiyo kutueleza kwamba Vincent ni mtu hatari.

Muziki aliotunga James Newton Howard unaziunganisha sehemu hizi vizuri, sina ubishi nao.

Nakiri, ingawa kwa shingo upande, kwamba wasimulizi wamewafungulia filamu watu wengi ambao wasingezielewa, na vibanda umiza vingi visingekuwapo bila wao. Kazi yao naiheshimu, na ndiyo maana nawadai zaidi. Koyote, wanyama wa porini wanaofanana na mbweha, wanapovuka barabara mbele ya teksi, Max na Vincent wanawatazama bila neno, na wimbo wa bendi ya roki ya Audioslave, "Shadow on the Sun", unasema yote. Hapo hapana la kufafanua. Msimulizi azime kipaza sauti chake, amwache Chris Cornell, mwimbaji wa bendi hiyo, aimbe.