Sokota tena au sokota upya? Chagua moja

Nimeshika chupa ya mafuta ya nywele, nasoma maelezo ya nyuma kama ninavyosoma kila kitu chenye maandishi, na katikati ya maelezo nakuta amri hii: "Pinda tena nywele zako kila baada ya wiki 4."

Pinda. Tena. Nywele. La kwanza ni kosa, la pili nina ugomvi nalo, la tatu nalikubali.

Sidhani aliyeandika ni mjinga. Naona kabisa kilichotokea. Alikuwa na neno la kigeni mbele yake, "retwist" la Kiingereza, neno moja lililobeba kusokota na kurudia kwa pamoja, akalikata katikati, kila kipande akakitafutia mwenzake wa Kiswahili, akaviunga. Sarufi imekaa sawa, na mashine ya kutafsiri ingempa alama zote. Lakini mwambie msusi yeyote apinde nywele, atakuuliza azipinde kuelekea wapi.

Tumalizane na kupinda kwanza maana hakuna mjadala. Kinachopindwa kilinyooka, sasa kina kona. Msumari hupinda, barabara hupinda, mgongo hupinda. Fundi cherehani hupinda nguo akapata pindo. Kusokota ni shughuli nyingine kabisa. Unakizungusha kitu kwenye mhimili wake chenyewe, katikati ya vidole, kwenye viganja au juu ya paja, mpaka nyuzi zilizokuwa zinajitegemea zishikane. Uzi uliosokotwa unaweza kubaki umenyooka toka mwanzo hadi mwisho bila kona hata moja. Ukipinda umebadilisha mwelekeo. Ukisokota umebadilisha namna vitu vinavyoshikana. Wahenga waliosema samaki mkunje angali mbichi walijua wanachosema. Hakuna aliyefikiria kumsokota samaki.

Na kusuka je? Hapa hata sisi wenyewe tunachanganya, tena bila aibu. Kusuka ni kupishanisha: hii juu, ile chini, ya tatu katikati, na kila moja inapita njia yake bila kujizungusha. Mkeka husukwa, mabutu husukwa. Kamba inaweza kuwa ya kusuka au ya kusokota, na ukitaka kujua ni ipi, achanisha ncha yake. Ya kusuka itaachana kwa kurudi njia zilezile ilizopishana. Ya kusokota itajizungusha yenyewe mkononi, kwa sababu nguvu uliyoiingiza ulipokuwa unaisokota bado imo humo ndani, ilikuwa inasubiri tu mtu aachie. (Kunyonga nako kuna shughuli zake, za baiskeli, za kiuno na nyingine ambazo leo sizitaki.)

Sasa tuje kwenye ugomvi wenyewe, lile neno dogo "tena".

Kiswahili kina kitu kizuri ambacho hatukisifii vya kutosha: mnyambuliko wa kutendua. Funga, fungua. Kunja, kunjua. Zonga, zongoa. Choma mwiba, chomoa mwiba. Fuma, fumua, na hili la mwisho limekuwa maarufu hadi limevamia mashamba ya wenzake, kwa sababu nywele tunazisuka lakini siku ya kuziachanisha tunazifumua, ingawa hakuna aliyewahi kuzifuma. Basi kitenzi cha Kiswahili kina mkia wa kutengua kilichotendwa. Hakina mkia wala kichwa cha kutenda kwa mara nyingine. Hakuna silabi unayoichomeka kwenye "sokota" ikazaa kusokota kwa mara ya pili.

Kuna watu wakifika hapa huanza kusikitika. Utawasikia: lugha yetu changa, haina msamiati, wenzetu neno moja sisi maneno matatu. Huwa natamani kuwapa kiti wakae. Haina msamiati? Lugha haikupi silabi hiyo kwa sababu kabla ya kukujibu inakuuliza swali: ule msokoto wa kwanza uko wapi?

Jaribu hili. Sema "tumbo linanisokota tena". Kila mtu kaelewa, na mwenye huruma kashakuonyesha choo kilipo. Sasa sema "tumbo linanisokota upya". Watu watatazamana. Kwani lile la kwanza lilifumuliwa na nani? Au chukua kifundo cha mguu: unaweza kuteguka tena, Mungu akuepushe, lakini huwezi kuteguka upya. "Tena" linahesabu tu. Lilitokea, limetokea na leo. Halijali yaliyolikuta lile la mwanzo, kama lilipona, kama lipo, kama lilisahaulika. "Upya" linajali sana. Upya linadai cha zamani kiwe kimeondolewa na kazi ianze sifuri.

Halafu kuna "rudia", ambalo wengi hulitumia kama pacha wa hayo mawili, na si pacha. Mwambie mwanafunzi wa ufundi "sokota tena", ataongeza mizunguko. Mwambie "sokota upya", atafumua aanze. Mwambie "rudia kusokota", atanuna, kwa sababu umeshamwambia kwamba kaharibu. Maneno matatu, na la tatu lina lawama ndani yake bila mtu kutukana. Hiyo ndiyo lugha isiyo na msamiati!

Na tofauti hii haiishii mdomoni, inafika mikononi. Uzi uliokwisha sokotwa vizuri, ukiusokota tena kwa upande uleule, hauzidi kuwa imara milele. Unafika mahali unakataa, unaanza kujikunja wenyewe na kufanya vifundo, na ukizidi kuukazania unadhoofika hadi kukatika. Ndiyo maana kamba haitengenezwi kwa kusokota na kusokota tu. Unasokota nyuzi kuelekea upande mmoja, kisha unazichukua mbili au tatu unazisokota pamoja kuelekea upande wa pili. Kila uzi unataka kujifumua, lakini ukijaribu kujifumua unaukaza msokoto wa pamoja, na msokoto wa pamoja ukitaka kuachia unaukaza uzi. Zinazuiana. Nguvu zote mbili zinataka kutoroka na kila moja ni mlinzi wa mwenzake. Nimewahi kulitazama jambo hili likifanyika na bado linanishangaza, kwamba kitu imara kabisa kimejengwa kwa vitu viwili vinavyotaka kuachana.

Huo msokoto wa pili tuuiteje? Si upya, kwa sababu ule wa kwanza haukuguswa, na ukiguswa kamba hakuna. Si rudia, kwa sababu hakuna aliyekosea. "Tena" nalo halisemi chochote kuhusu kugeuza upande. Hapo Kiswahili kinaachana na vielezi vyote na kurudi kwenye mnyambuliko: nyuzi husokotanishwa. Ile "-an-" ya kutendana, ya kupendana na kugombana, ndiyo inayobeba kazi. Anayetafsiri kitabu cha ufundi wa nyuzi akiandika "sokota tena" mahali hapa, kafundisha watu kutengeneza vifundo.

Turudi kichwani, maana kule kosa linaumiza mtu. Kuna misokoto ya kawaida, ile ya nywele mbilimbili inayofumuliwa, ikaoshwa, ikatengenezwa nyingine. Hiyo inasokotwa upya, hakuna ubishi. Kuna dredi. Dredi iliyokwisha kushikana haifumuliwi. Mwambie mwenye dredi za miaka 6 kwamba unakwenda kuzisokota upya, atashika kichwa kwa mikono miwili. Kinachosokotwa pale ni nywele mpya tu, zile zilizoota shinani, ziungane na za zamani. Kwa hiyo, haya, kwa dredi "tena" linapita. Linapita kwa kuinama, lakini linapita. Nimekubali, tuendelee.

Tatizo ni kwamba maelezo ya chupa hayasemi yanazungumzia nywele zipi, wala sehemu ipi ya nywele. Msomaji mgeni wa mambo haya akisoma "nywele zako" atazikamata zote toka shina hadi ncha na kuzikaza. Na kwa kuwa "tena" linahesabu tu, atadhani kadiri anavyoongeza hesabu ndivyo anavyofanya vizuri. Nywele za kichwani huota takriban sentimita 1 kwa mwezi. Anayekaza kila wiki karibu hana nywele mpya za kusokota; anachovuta ni ngozi. Matokeo huanzia pembezoni, kwenye paji la uso na juu ya masikio, ambako nywele huanza kuwa chache. Mvuto ukikoma mapema huota zikarudi. Ukiendelea kwa muda mrefu, mashina yanaweza kuharibika moja kwa moja na pale pakabaki wazi. Kwa hiyo mtu asiniambie nasumbua watu kwa mambo ya walimu wa lugha. Sentensi ingeweza kusema "sokota nywele mpya zilizoota shinani, bila kuzivuta", na nafasi kwenye karatasi ilikuwepo, kwani walikuta nafasi ya kusifu harufu mara mbili.

Upande wa pili wa shilingi ni hawa ndugu zetu wa vichwa vya habari, ambao "tena" wamelisusa kabisa na wamelewa "upya". Timu imesajili wachezaji wawili na kumwacha mmoja: "Kikosi chasukwa upya." Mawaziri watatu wamebadilishana ofisi: "Baraza lasukwa upya." Lini lilifumuliwa? Ukimkuta mtu amechomoa uzi mmoja mkekani akaweka mwingine, utasema kasuka mkeka upya? Utasema kauziba. Nyuso ni zilezile, mpangilio uleule, na tatizo lililokuwepo limehama meza tu. Kwa kweli mtu pekee ninayemwamini akitamka "nimeisuka upya" ni fundi wa mota. Mota ikiungua, waya wote wa shaba uliokuwa umezungushwa humo hutolewa, unasukwa mwingine kuanzia mzunguko wa kwanza, na isipozunguka hakuna msemaji wa kuitetea. Makatibu wa vilabu wangepelekwa pale wakakae hata nusu siku.

Kuna jambo moja linanisumbua kwa namna nyingine, na hapa sina utani. Tazama neno "pota", ambalo nalo ni kusokota, kupota uzi, kupota kamba. Kisha tazama potoa, potoka, potosha, mpotovu, upotoshaji. Na popotoa, ambalo kwa sikio langu limelirudia shina lake kwa mbele, po-potoa, kana kwamba kuzungusha mara moja hakukutosha. Zinavyofanana, mimi siwezi kuamini kwamba si ukoo mmoja. Yaani kitendo kilekile kinachozaa kamba ndicho kinachozaa uongo. Na huku kwenye maneno, kusokota mara ya pili ni hatari kuliko ya kwanza. Habari iliyopotoshwa mara moja bado unaweza kuifuatilia nyuma hadi ilikonyooka. Ikipotoshwa tena na mtu aliyeipokea ikiwa tayari imepotoka, naye akiamini anainyoosha, misokoto miwili inazuiana kama nilivyoeleza kwenye kamba, na hapo hata msema kweli akivuta ncha anaikaza zaidi. Mtu anaposimama kusema "maneno yangu yamepotoshwa", sikiliza sentensi inayofuata. Mara nyingi hafumui. Anasokota upande wa pili.

Nimetoka njiani. Vijana nao wana jibu lao, nimewasikia: "kuritwisti". Nafanya ritwisti Jumamosi, niritwistie dredi zangu. Nilitaka kulichukia neno hili na nilikuwa nimeshaanza. Lakini lina sifa moja ambayo "pinda tena" haina, nayo ni kwamba anayelisema na anayelisikia wanajua kabisa ni nywele zipi, sehemu ipi, na mikono itafanya nini. Kwa kazi hiyo ni neno halali. Halivuki nje ya kiti cha msusi: huwezi kuritwisti kamba, na tumbo halijawahi kumritwisti mtu.

Ila wasusi wenyewe, wakiwa wamechoka na hakuna wa kumvutia, husema kitu kifupi zaidi. Husema "kukaza". Njoo nikukaze dredi. Ni neno tunalokazia nati na kifuniko cha chupa, na halidai kwamba cha zamani kimefumuliwa, wala kwamba mtu alikosea, wala hesabu ya mara ngapi. Linasema kilikuwepo, kimelegea, nakirudisha. Kasoro yake ni moja, kwamba msusi mwenye mikono mizito anaweza kulichukua kama ruhusa. Huyo mwambie mapema, kabla hujakaa.