Picha za St. Helens zisikatwe vipande

Imenikera tena. Kila ifikapo Mei, mtandaoni hurudi picha ileile ya Mlima St. Helens wa Marekani: nguzo nene ya majivu imesimama juu ya kilele kilichobomoka, na chini yake pameandikwa "mlima ulipolipuka". Si kweli. Nguzo ile ilipigwa baadaye, ubavu mzima umeshaanguka na watu wameshakufa.

Picha za mlipuko wenyewe zipo. Asubuhi ya Mei 18, 1980, Gary Rosenquist alikuwa kambini Bear Meadow, kama kilomita 18 kaskazini-mashariki mwa mlima. Saa 2:32 tetemeko la ukubwa wa 5.1 lilipopiga, alifyatua kamera mfululizo. Zitazame kwa mpangilio, usiruke hata moja. Mlima kwanza umetulia. Kisha ubavu wa kaskazini, uliokuwa umevimba kwa wiki kadhaa, unameguka na kuteleza. Halafu tazama nyuma ya kipande kinachoporomoka: wingu jeusi linachomoza pale pale kwenye jeraha na kukipita kipande hicho kwenda pembeni.

Ndivyo wanasayansi walivyoweza kufuata, hatua kwa hatua, jinsi maporomoko yalivyotangulia na mlipuko ukafuata. Uzito wa ubavu ulipoondoka, magma, yaani mwamba ulioyeyuka, na mvuke uliobanwa ndani vikafumuka kwa upande. Miti ililazwa katika eneo la karibu kilomita za mraba 600. Watu 57 walifariki. Ukimwonyesha mtu nguzo peke yake, ataamini volkano huua kwa kurusha vitu juu tu, na hatajua kwa nini aliyekuwa mbali na kilele hakupona.

Haya, nguzo ile inapendeza, na ni picha halisi. Iwekeni, lakini iwe ya mwisho.

Kinachoniuma zaidi ni majina kufutwa. Reid Blackburn alikufa siku hiyo akiwa kazini na kamera yake. Robert Landsburg alipoona hawezi kulikimbia wingu, aliendelea kupiga, akairudisha filamu kwenye mkebe wake, akaitia kamera begini na kulilalia begi kwa mwili wake. Alikufa, filamu ikapona. Leo mtu anaichukua picha ya siku ile, anaipaka rangi, anakata pembe lenye jina la mpigaji, anajaza lake!

Nyinyi mnaoendesha kurasa za historia, wekeni mfululizo mzima, na kila picha iwe na saa yake, mahali ilipopigwa na jina la aliyeipiga.