Ubingwa wa 1979 ni wa nani? Seattle, Oklahoma City na daftari moja la misimu

Alfajiri ya Juni 23, 2025, wazee wanatoka msikitini na vijana wa mtaani kwetu Langoni, hapa Lamu, bado wamejibana barazani kuizunguka simu moja. Mechi ya saba ya fainali ya NBA, ligi ya mpira wa kikapu ya Marekani, ilianza saa tisa usiku kwa saa zetu, na ilipokwisha Oklahoma City Thunder walikuwa wameifunga Indiana Pacers 103 kwa 91. Mpwa wangu, ambaye jezi ya Shai Gilgeous-Alexander haimtoki mwilini, akatangaza kombe la kwanza la timu yake. Mwenzake akamkata kauli: la pili. Akafungua orodha ya misimu yote ya timu hiyo, akashuka na kidole mpaka 1978-79, na kweli pameandikwa mabingwa. Kufika saa mbili asubuhi ubishi ulikuwa umehamia Mkunguni, mbele ya ngome, na waliokuja kunywa kahawa yao tu wakajikuta wanatakiwa kuchagua upande.

Nami niliombwa niamue, kwa kuwa ndiye niliyeufuata mpira huu tangu enzi za kanda za video. Siku ile sikuamua. Naamua sasa, maana suala lenyewe ni zito kuliko linavyoonekana. Kwa daftari la ligi, Thunder na Seattle SuperSonics ni timu moja iliyoanza mwaka 1967, na misimu 41 ya Seattle inaunganishwa na ya Oklahoma City bila nafasi katikati. Lakini ukumbini kwao Oklahoma City, bendera ya ubingwa wa 1979 haining'inii. Kombe lile na bendera zake zilibaki Seattle. Timu inadai misimu katika karatasi, na haiidai darini. Hapo ndipo pa kuuliza.

Kwanza, ilikuwaje timu ikahama. Mwaka 2001 Howard Schultz, yule wa Starbucks, aliongoza kundi la wanunuzi lililoichukua Sonics. Alitaka ukumbi uboreshwe kwa fedha za umma, hakupata, na mwaka 2006 akaiuza kwa dola milioni 350 kwa matajiri wa Oklahoma City wakiongozwa na Clay Bennett. Mwaka huohuo wapiga kura wa Seattle walipitisha sheria ya kubana fedha za umma zisimiminwe katika kumbi za timu za kulipwa. Bennett alipodai ukumbi mpya, hapakuwa na aliyetaka kuulipia. Mji ukaenda mahakamani kumshikilia mpaka mkataba wa ukumbi uishe mwaka 2010. Julai 2, 2008 wakapatana: mwenye timu alipe dola milioni 45, aondoke. Jina, rangi na nembo vikabaki kwa ajili ya timu yoyote itakayokuja Seattle baadaye. Historia, wakakubaliana, itakuwa ya pamoja.

Ya pamoja. Neno hilo ndilo lililotuletea ugomvi Mkunguni miaka 17 baadaye.

Sasa tuangalie mali yenyewe inayogombewa, maana wengi huongea juu ya misimu hii bila kuisoma. Msimu wa kwanza, 1967-68, Sonics walishinda mechi 23 na kupoteza 59. Mwaka 1970 wakamchukua Spencer Haywood kabla hajatimiza miaka minne tangu amalize sekondari, ligi ikakataa, kesi ikafika Mahakama ya Juu ya Marekani mwaka 1971, na mlango ukafunguka kwa kila kijana aliyeingia mapema baada yake. Kisha msimu wa 1977-78, ambao kwangu ndio mtamu kuliko yote. Walianza kwa kushinda mechi 5 tu katika 22. Kocha akaondolewa, akaja Lenny Wilkens, aliyewahi kuichezea na kuifundisha timu hiyohiyo kwa wakati mmoja, na chini yake wakashinda 42 kati ya 60 zilizobaki. Wakafika fainali, mechi ya saba, nyumbani. Mchezaji wao Dennis Johnson akarusha mara 14 na haikuingia hata moja. Washington Bullets wakabeba.

Mwaka mmoja baadaye timu zilezile zilikutana tena fainali. Seattle wakashinda nne kwa moja, na mchezaji bora wa fainali akawa Dennis Johnson huyohuyo. Orodha inakupa mstari wa ushindi 52, vipigo 30, mabingwa. Haikupi mtu aliyelala na zile 14 kwa mwaka mzima. Waliomwona akiondoka uwanjani mwaka 1978, na wakarudi kumpigia makofi mwaka 1979, walikuwa watu wa Seattle.

Nenda 1986-87. Ushindi 39, vipigo 43. Anayepitisha jicho ataruka mstari huo akiudhani ni msimu wa hasara. Lakini timu hiyo ya Dale Ellis, Tom Chambers na Xavier McDaniel iliingia mtoano ikiwa ya saba katika kanda na ikafika fainali ya Kanda ya Magharibi. Kinyume chake ni 1993-94: ushindi 63, wa kwanza katika kanda, Gary Payton na Shawn Kemp wakiwa moto, wakaongoza mbili bila dhidi ya Denver Nuggets walioingia wa nane, wakapoteza tatu mfululizo. Kabla ya hapo haikuwahi kutokea wa nane kumtoa wa kwanza. Picha ya Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa, amelala chali sakafuni ameshika mpira kwa mikono miwili juu ya uso, ndiyo iliyonifanya mimi niupende mchezo huu, ingawa niliupenda kupitia kilio cha wengine. Mwaka 1996 wakashinda 64, wakafika fainali, wakakutana na Chicago Bulls ya Michael Jordan iliyokuwa imeshinda 72. Walifungwa nne kwa mbili, na baada ya kuwa nyuma tatu bila si matokeo ya kuonea haya.

Upande wa Oklahoma City una hoja, na si hoja nyepesi. Ya kwanza ni ya desturi. Los Angeles Lakers wanahesabu makombe 17, na matano kati ya hayo waliyapata Minneapolis kati ya 1949 na 1954. Hata jina walikuja nalo: lilitokana na maziwa ya maji yaliyojaa jimbo la Minnesota, ulipo mji wa Minneapolis. Hakuna anayewadai warudishe. Ikiwa timu ni ileile, na mikataba ileile, kwa nini Oklahoma City peke yao watozwe?

Ya pili ni ya watu, na hii ndiyo inayonisumbua. Russell Westbrook na Serge Ibaka, Mkongo wa Brazzaville, walichaguliwa katika drafti, yaani uteuzi wa wachezaji wapya, ya Juni 26, 2008. Aliyewachagua ni Seattle, siku sita kabla ya mapatano. Kevin Durant alicheza msimu wake wa kwanza Seattle, ule wa 2007-08 wa ushindi 20 na vipigo 62, kisha akahama nao. Na yuko Nick Collison, mwenye misimu minne ndani ya jezi ya kijani ya Seattle na kumi Oklahoma City. Namba 4 yake imestaafishwa Oklahoma City, haivaliwi tena na mtu. Ukimwambia Collison kwamba alichezea timu mbili, utakuwa umemwambia uongo kuhusu maisha yake mwenyewe: hakuhama kwa hiari wala hakuuzwa, alikwenda kazini akakuta kazi imehamia mji mwingine.

Ya tatu ni fedha na moyo. Watu wa Oklahoma City hawakuiba kitu usiku. Kimbunga Katrina kilipoipiga New Orleans mwaka 2005, mji huo uliipokea timu ya Hornets kwa misimu miwili na kuijazia ukumbi. Machi 2008 wapiga kura wake walikubali kukatwa kodi ya mauzo ili ukumbi uboreshwe, na Desemba 2023 wakakubali tena kwa ajili ya ukumbi mpya wa dola milioni 900 kwa uchache. Wamevumilia pia: Desemba 2, 2021 timu yao ilifungwa na Memphis kwa tofauti ya pointi 73, kipigo kikubwa kuliko vyote katika ligi hiyo, na hawakuikimbia.

Zote hizo ni hoja za haki. Ila nikizipima naona zinathibitisha kwamba misimu ya tangu 2008 ni yao kabisa, kila ushindi na kila fedheha. Haziwapi misimu ya kabla yake. Kodi ya 2008 haikununua machozi ya 1978.

Hapa nitatoka kidogo nje ya ukumbi, niende ng'ambo ya mkondo, kisiwa cha Manda. Takwa ni mahame. Msikiti umesimama bila paa, kaburi la mnara lipo, na wakazi wake waliondoka katika karne ya 17. Walivuka wakaanzisha Shela, na hata leo watu wa Shela huvuka kwenda Takwa kuomba dua, mvua ikiwa mojawapo ya haja zao. Hakuna Mwamu anayeuliza historia ya Takwa ni ya nani. Ni ya Shela, kwa sababu watu walioijenga walikwenda nayo, na wanarudi.

Siku ile Mkunguni mfano huu ulitumiwa na mtetezi wa kombe la pili: Takwa ilihama, historia ikahama, basi na Seattle vivyo hivyo. Nauona umepinduliwa. Takwa walihama watu, yakabaki mawe. Seattle walibaki watu, zikahama karatasi za umiliki na wachezaji kumi na kidogo walioajiriwa. Kama historia inawafuata waliokuwapo, basi kanuni ileile inayoipa Shela haki ya Takwa inaipa Seattle haki ya 1979. Mnunuzi wa jahazi anapata mbao, tanga na nanga. Safari za nahodha aliyetangulia hazimo katika bei, na hakuna baharia wa hapa atakayesimulia kaskazi ya mwenziwe kama yake kwa kuwa kanunua chombo.

Nakubali mfano huo hautoshi kwa Collison. Baharia aliyebaki chomboni baada ya kuuzwa anazo safari zote mbili. Lakini hizo ni zake yeye, anazibeba mwenyewe, na hakuna anayemnyima kwa kuligawa daftari. Ndiyo sababu Payton, aliyecheza misimu zaidi ya 12 pale na hakuwahi kuvaa jezi ya Thunder, amesema wazi kwamba namba 20 yake anataka iheshimiwe Seattle. Mwenye misimu amejieleza.

Tena ligi yenyewe imekwisha onyesha kwamba daftari linaweza kugawika. Charlotte Hornets walianza 1988, wakapelekwa New Orleans mwaka 2002. Charlotte ikapata timu mpya mwaka 2004, ikaitwa Bobcats. New Orleans walipojiita Pelicans mwaka 2013, jina la Hornets likawa huru, na mwaka 2014 likarudi Charlotte pamoja na misimu yote ya 1988 mpaka 2002. Pelicans sasa wanaanza kuhesabu kuanzia 2002, na hakuna kilichowapungukia. Kwa hiyo anayesema daftari la ligi haliguswi, limeguswa tayari, tena kwa njia iliyowaridhisha wote wawili.

Na mfano wa Lakers? Nasema hivi: Minneapolis walipoondokewa mwaka 1960, jina na nembo viliondoka pia, na hapakuwa na mapatano ya kuwawekea chochote. Seattle waliwekewa. Huwezi kumwachia mtu jina lake, rangi zake na kombe lake, kisha misimu iliyovipa maana ukaipeleka kwingine. Jina SuperSonics lenyewe lilitokana na ndege ya kwenda kasi kuliko sauti ambayo Boeing ilikuwa ikiibuni Seattle. Ndege ile haikuwahi kujengwa, mradi ulifutwa 1971, na bado watu wa mji wakaendelea kujiita hivyo kwa miaka 37 mingine.

Lipo jambo moja ambalo wanaoipenda Seattle hawapendi kulisikia, nami sitalificha. Mji ule uliulizwa kama utalipa, ukasema hapana. Ninaona ulikuwa na haki ya kusema hapana, kwani shule na barabara hazina mashabiki wa kuziimbia. Lakini hapana ile ilikuwa na bei, na bei ilikuwa timu. Haikuwa misimu 41. Na timu ya wanawake, Seattle Storm, ilinunuliwa mwaka 2008 na wanawake wa palepale ili isiende na Sonics, ikachukua ubingwa 2010, 2018 na 2020 juu ya ule wa 2004. Orodha yake haina ufa wowote, kwa kuwa waliokuwapo waliishika.

Kwa hiyo mpwa wangu ndiye mshindi wa ubishi, ingawa alishinda kwa mapenzi ya jezi na si kwa hoja. Kombe la 2025, lililokuja baada ya ushindi wa mechi 68, ni la kwanza la Oklahoma City. Siku Seattle itakapocheza tena, misimu ya 1967 mpaka 2008 irudi kwake kama ya Charlotte ilivyorudi, na neno "pamoja" lifutwe. Thunder waanze na mstari wao wenyewe wa 2008-09, ambao hauna haja ya kuazima kwa mtu: ushindi 23, vipigo 59, sawasawa na ule wa Sonics wa 1967-68.