Mti wa mkungu umeliwa na viwavi: tupige dawa au tuwaachie sisimizi maji moto?

Viwavi wakishaingia mtaani maneno ni yale yale. Mwenye mkungu uani anaona majani yamebaki mishipa mitupu, mavi ya viwavi yanadondoka mpaka kwenye ndoo ya maji, basi anatafuta mtu wa bomba la dawa. Mie simlaumu. Viwavi wengine wana manyoya yakimgusa mtoto anajikuna usiku kucha, na mndimu mchanga ukiliwa majani yote mara mbili tatu kuinuka tena ni shida. Dawa kali inaua siku hiyo hiyo, unawaona chini wamejaa, moyo unatulia.

Ila wanaosema acheni wanaonekana wavivu tu, na mie naona wao ndo wana hoja nzito. Mkungu au mwembe mkubwa ukiliwa majani mara moja haufi, unachipua, na mkungu wenyewe kila mwaka majani yanageuka mekundu yanamwagika, nani anaeita bomba siku hiyo? Halafu tunapiga tumeshachelewa, mti ukionekana mweupe ujue viwavi wameshanenepa wengi wao wanakaribia kujifunga, na nondo akitoka hali majani.

Kinachoniuma hasa ni maji moto, wale sisimizi wa mitini wanaoshona majani. Tunawachukia kwa sababu ya siku ya kuchuma karafuu au maembe, wanavyouma kila mtu anajua, na kweli wanafuga vidudu vya kufyonza majani mpaka yanaota weusi. Lakini hao hao wanakamata viwavi, na wanailinda minazi. Kuna mdudu anafyonza vidaka vikadondoka, au nazi ikatoka ndogo ina makovu. Mtafiti mmoja, M. J. Way, alimchunguza hapa hapa Zanzibar mwanzoni mwa miaka ya 1950, mpaka jina la kisayansi la mdudu huyo ni Pseudotheraptus wayi, na ikaonekana minazi yenye maji moto wengi ndo inayosalimika. Sasa wewe unapiga mkungu wako, wanakufa wao, kumbe jeshi lao moja linakaa miti kadhaa, ya kwako na ya jirani, na kwa kawaida lina malkia mmoja tu, akifa huyo hawana wa kumrithi. Wakipungua wanapanda sisimizi wadogo wa chini wenye vichwa vikubwa, hao na maji moto ni maadui, wakishaushika mti kuwarudisha maji moto ni kazi kubwa. Umeokoa majani ya mkungu ambayo yangeota yenyewe, umepoteza vidaka. Na vile vinyigu vidogo vinavyotaga mayai ndani ya viwavi navyo vimekufa, kwa hiyo kizazi kijacho cha viwavi kinakuta uwanja mtupu.

Anaetaka dawa lazima kuna ya bakteria inaitwa Bt, kiwavi mpaka aile na awe bado mdogo, jua linaimaliza nguvu siku chache tu, ila nyuki na maji moto inawaacha. Mwarobaini nao unasaidia taratibu. Miche midogo mie natoa kwa mkono asubuhi nawapa kuku, isipokuwa wenye manyoya, hao usiwashike.

Na kabla bomba halijafunguliwa inueni macho juu, mkiona majani yameshonwa pamoja kama kifuko hicho ni kiota cha maji moto, mti huo msiupige.