Tumepisha, mbona hampiti?

Jumapili nilikuwa kwa shangazi. Mvua ilipoanza akainuka, akapanga beseni tatu na sufuria moja sebuleni, kila kimoja mahali pake, bila hata kutazama juu. Bati limeoza. Hela ya bati anayo. Ila ukutani, kando ya mlango, kuna ile X ya kijani waliyopiga watu wa mradi wa barabara.

Wenzetu wa X nyekundu waliambiwa wamo ndani ya hifadhi ya barabara, wabomoe, hakuna senti. Ya kijani ni ya kulipwa, na majirani walimpongeza kabisa! Mthamini akaja, akapima vyumba, akahesabu minazi na mwembe ulionifika kiunoni, akampiga picha ameshika kibao cha namba. Kisha akamwambia asiendeleze chochote, kitakachoongezwa baada ya siku ile hakitalipwa. Huu ni mwaka wa nne.

"Wananchi mpishe mradi." Kupisha nakujua. Ukikutana njiani na mwenye mzigo unasogea, anapita, unaendelea na safari. Huyu wetu ametusogeza hadi mtaroni, halafu kaenda kulala.

Kila mjadala wa fidia huishia kwenye kiasi. Haya, kiasi ni kidogo, nani asiyejua. Mimi kinachoniuma ni kusubiri. Sheria ya Ardhi ya Tanzania ya 1999 inataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Sheria ya uthamini ya 2016 ikaenda mbali zaidi: miezi 6 ikipita bila malipo, riba ianze kuhesabiwa, miaka 2 ikipita, uthamini umekufa, urudiwe. Nendeni mkaulize habari ya riba dirishani. Mimi niliuliza. Nilitazamwa kama nimeomba nauli ya kwenda mwezini, kisha nikaambiwa fedha zikitoka hazina tutaitwa, tuvute subira.

Kanuni za fidia za 2001 ndizo zinanichekesha. Posho ya usafiri ni gharama ya kubeba tani 12 kwa kilomita 20. Posho ya makazi ni kodi ya miezi 36. Yaani kuna mtu alikaa akawaza kabati la shangazi litapandaje lori, asiwaze hizi beseni. Wala mpangaji wa chumba cha uani, aliyefungasha alipoiona X. Kodi yake ndiyo ilikuwa dawa ya presha ya shangazi.

Najua, wapo wanaosikia fununu ya mradi leo, kesho wameamka na mipapai 200 na kibanda cha tofali mbichi. Nakubali, shingo upande, kwamba lazima iwepo siku ya kusema mwisho hapa. Lakini mbona siku hiyo inamfunga shangazi peke yake? Yeye haruhusiwi kupiga hata lipu. Wenye mradi wanaruhusiwa kupotea miaka minne.

Nilimwambia tuezeke, fidia ije isije.

"Mwanangu, tukiezeka wiki hii, wiki ijayo wanaleta buldoza. Nawajua."

Sikuwa na jibu. Mvua ilipokata akabeba beseni la kwanza, akalimwaga nje kwenye shina la mwembe. Mwaka huu umezaa kwa mara ya kwanza. Kwenye fomu yao bado ni mche.