Mpunga wa Moshi na hoja ya kuokoa ardhi

Watetezi wa kilimo cha mavuno makubwa wana hoja moja nzito: ukivuna zaidi kwenye ekari ileile, msitu unapona shoka. Norman Borlaug, aliyepewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 1970 kwa kazi yake ya ngano, aliitetea hadi uzeeni. Hapa Moshi tumeshaipima, kwa mpunga.

Mradi wa umwagiliaji wa Lower Moshi, uliojengwa kwa mkopo wa Japani, ulikamilika mwaka 1987. Vijiji vya Mabogini na Chekereni vikapata mifereji, matrekta, mbolea na IR54, mbegu ya mpunga mfupi iliyotoka Ufilipino. Hekta iliyokuwa ikitoa tani 2 hivi ikaanza kutoa zaidi ya 6. Anayebeza mbolea ya viwandani awaulize kwanza wazazi wa kule ada za shule walilipa kwa fedha gani.

Lakini majirani wa juu ya mto nao wana macho. Walipoiona faida, wakatengeneza majaruba yao nje ya mradi na kuvuta maji ya mto Rau kabla hayajafika kwenye banio la mradi. Mpunga ukaenea, mto ukabaki uleule. Sehemu ya hekta 1,100 zilizopangiwa mpunga ndani ya mradi ikakosa maji. Siwalaumu: mto ulipita kwao kabla ya mradi kufikiriwa. Ila hapo hoja ya Borlaug inapwaya. Zao likilipa huita mashamba mapya, isipokuwa awepo mwenye mamlaka juu ya maji na ayatumie mamlaka hayo.

Kuna pia madhara yasiyoonekana. Mbolea ya urea inayozidi mahitaji ya mpunga huondoka na maji au hupaa kama gesi, na jaruba lililotuamisha maji muda wote hutoa methani, gesi inayoongeza joto duniani.

Kuacha mbolea si jibu. Kihamba, shamba la Wachaga la migomba na kahawa kando ya nyumba, hutunza udongo vizuri, ila wali wa mjini hautoki huko. Mimi naegemea kilimo shadidi: mche mmoja mchanga kwa kila shimo, nafasi pana, jaruba linaachwa likauke kidogo kabla ya kumwagiwa tena. Maji yanapungua, methani pia. Magugu ndiyo yanaongezeka, na palizi inaumiza mgongo, hivyo mkulima hatakubali taabu hiyo kwa ajili ya mazingira tu. Na ada ya maji ikitozwa kwa ekari, hata mfukoni hapati nafuu: anayebana maji na anayeyamwaga wanalipa sawa.