Sinema bubu za mbio za magari: zilidanganya au zilituwekea historia?

Kuna watu wanazidharau kabisa hizi sinema bubu za mbio za magari, wanasema ni vichekesho tu, na ukiangalia Mabel at the Wheel ya 1914 unaona wana hoja. Dereva anatekwa, Charlie Chaplin ndo mbaya wa stori, anamwaga maji barabarani ili magari yateleze, mpaka mabomu anarusha, halafu zamani zile mpiga picha alikuwa anazungusha kamera kwa mkono, akizungusha taratibu basi ikija kuonyeshwa magari yanakimbia kuliko yalivyokimbia kweli. Spidi ya 1914 huwezi kuijulia hapo.

Na kinachoniuma zaidi, mbio zenyewe zilikuwa tamu kuliko stori waliyotunga. Keystone, kampuni iliyoitengeneza hiyo Mabel at the Wheel, walienda kupigia picha Santa Monica, California, mwezi wa pili 1914, wakati wa Vanderbilt Cup, na kwenye hizo mbio Ralph DePalma alimshinda Barney Oldfield kwa akili tupu, yaani aliwapa ishara mafundi wake kwamba anaingia kubadilisha tairi, Oldfield akaona akawahi kuingia yeye, kumbe mwenzake wala hasimami, kapita moja kwa moja mpaka mwisho. Sasa una hiyo mkononi unaenda kutunga mabomu ya nini?

Lakini wanaosema zitupwe siwaungi mkono. Angalia Kid Auto Races at Venice, ya mwaka huohuo: watoto na vigari vyao ni wa kweli, mbio za kweli, na ule umati haujalipwa, wanamshangaa Chaplin kwa sababu hawamjui bado. Nguo zao, kofia, wanavyosimama karibu na njia, hakuna aliyewapanga. Hicho ni kitu ambacho ripoti ya gazeti haikupi.

Halafu kuna uongo mmoja ambao mimi nautetea kabisa. Chama kilichosimamia mbio kubwa Marekani, AAA, kiliwafungia wanawake tangu 1909, baada ya Joan Newton Cuneo kuonyesha kwamba anaweza kuwakimbiza wanaume. Ndani ya Mabel at the Wheel, yule dereva anayetekwa ni mchumba wa Mabel, na Mabel Normand, ambaye ni mmoja wa waongozaji wa hiyo filamu, anakaa mwenyewe kwenye usukani na anashinda, kwenye mbio ambazo kiuhalisia asingeruhusiwa hata kujiandikisha.